Naomba ushauri: pia ya kusokota nyuzi za wakati, hadithi ya Kilwa

Mtunzi_Shangani
Habarini wadau. Naandika hadithi ya kubuni itakayoigizwa jukwaani hapa Mtwara. Mhusika mkuu ni mwanamke msokotaji wa Kilwa Kisiwani, enzi za Sultani al-Hasan bin Sulaiman, mara tu baada ya msafiri Ibn Battuta kupita mwaka 1331. Pia yake (kile kijiti chenye kigae cha mviringo kinachozungushwa kusokota uzi) haisokoti pamba, inasokota wakati. Anazikusanya saa zilizopotea, anazifanya uzi, halafu anafuma kwa pia hiyo hiyo kitambaa cha kumrudisha mvaaji kwenye siku fulani. Nataka sehemu halisi za pia ili itengenezwe, na kazi yake ikiharibika, iharibike kwa namna ambayo mjuzi wa kusokota ataikubali.

FundiKigae
Mkuu, rekebisha jambo moja kwanza. Pia haifumi. Inasokota tu, kisha uzi unakwenda kwenye kitanda cha mfumi, penye mtande ulionyooshwa kwa urefu na mshindio unaopita katikati yake. Kwa hiyo unahitaji vifaa viwili, na pengine watu wawili.

Pia yenyewe ni kijiti na kigae. Mwanaakiolojia Neville Chittick alipochimba Kilwa alikuta vigae vya vyungu vilivyosuguliwa mviringo na kutobolewa katikati, ndivyo walivyosokotea pamba yao. Chukua chungu kilichovunjika, ubavuni palipo karibu na bapa, unene milimita 5 au 6. Sugua ukingo kwenye jiwe la matumbawe, ukilowesha maji, hadi upate duara la sentimita 3.5. Toboa kwa kekee ya mkono nusu ya unene, geuza, toboa upande wa pili hadi matundu yakutane. Ukitoboa upande mmoja moja kwa moja, kigae kinabanduka pale ncha inapotokea. Tundu liwe milimita 6.

Kijiti ni mwanzi wa sentimita 25, mnene kidogo chini, mwembamba juu. Kigae unakivisha kutoka juu, kinashuka na kujibana chenyewe karibu na mwisho. Juu kabisa chonga mkato wa kushika uzi. Vyote vitakuwa na uzito wa gramu 10 hadi 15. Ikiyumba ikizunguka, tundu haliko katikati. Sugua ukingo wa upande mzito, kidogo kidogo, ukijaribu kila mara.

Na tafadhali, msiokote vigae kwenye magofu ya Kisiwani au Songo Mnara. Yanalindwa na Sheria ya Mambo ya Kale ya 1964. Chungu cha sokoni kinatosha.

Mwana_Mikindani
Nafuatilia hapa.

PambaNaKumbi
Mtunzi, uchawi wako uzae matatizo yale yale ya pamba, hapo utakuwa na hadithi.

Pamba hutolewa mbegu, hutifuliwa kwa kamba ya upinde hadi ivimbe, kisha huviringishwa vipande vya urefu wa kidole. Unyuzi wake ni mfupi, kama sentimita 3 tu, ndiyo maana pia haining'inizwi hewani: uzito wake ungeukata uzi mchanga. Ncha ya chini inakaa ndani ya kifuu, mkono wa kulia unazungusha, wa kushoto unavuta pamba taratibu.

Ukivuta kabla msokoto haujafika, uzi unaachana. Kwa msokotaji wako, hiyo ni asubuhi yenye pengo: mtu anajikuta analia na chanzo cha kilio hakipo. Ukizidisha msokoto, uzi unajikunja vifundo. Hapo tukio moja linajirudia na halisogei mbele.

Kubwa zaidi ni hili. Uzi mmoja ukiachiwa unajifungua. Dawa yake ni kuunganisha nyuzi mbili kwa kuzungusha pia KINYUME cha mwanzo, kila mmoja unamzuia mwenzake. Basi siku anayotaka kuirudisha haitasimama kwa kumbukumbu zake peke yake. Amtafute mwingine aliyekuwepo siku ile, na ikiwezekana awe adui yake.

KusiNaKaskazi
Ndugu, acha habari ya saa. Mtu wa Kilwa ya wakati ule aliishi kwa maji na upepo. Maji hujaa na kutoka mara mbili kwa siku, kila siku yakichelewa dakika 50 hivi. Bamvua, yaani maji makubwa, huja mwezi ukiandama na ukiwa mpevu. Mpe sharti: uzi wa bamvua ni mnene, wa maji mafu, yale madogo ya katikati, unakatika. Majahazi ya Arabuni yaliteremka na kaskazi, upepo wa kutoka kaskazini, na kurudi na kusi, wa kutoka kusini, na Kilwa ilikuwa karibu na mwisho wa safari ya msimu mmoja. Nahodha aliyechelewa kuondoka alikaa miezi. Huyo ndiye mteja wake wa kwanza.

Mtunzi_Shangani
Asanteni sana, hilo la adui nimelichukua. Je, kumbi za nazi zinafaa kwa nyuzi za miaka mingi?

PambaNaKumbi
Zinafaa, lakini bila pia. Kumbi hufukiwa kwenye tope la pwani kwa miezi hadi nyama yake ioze, hupondwa, kisha husokotwa kwa viganja kuwa kamba. Iwe kazi ya mtu mwingine katika hadithi.

Binti_Matumbi
Kama hadithi itaruka hadi zama za Wajerumani, kumbuka pamba ya kwetu. Julai 1905 watu wa Nandete, kule Matumbi, waling'oa miche ya pamba waliyolazimishwa kulima, na Maji Maji ikaanza. Uzi wa pamba hiyo usimtii msokotaji.

FundiKigae
Nimesahau jukwaa. Kigae cha sentimita 3.5 hakitaonekana safu za nyuma. Tengeneza cha pili cha mbao nyepesi kama msufi, upana sentimita 9, kijiti sentimita 45. Usitumie mpingo, ni mzito mno. Duara pana huzunguka polepole na kwa muda mrefu, macho yanalifuata. Hiki unaweza kukining'iniza, ila mpe mwigizaji uzi wa dukani uliokwisha kusokotwa, na aanze kuuzungusha upande ule ule wa msokoto wake. Akikosea upande, utafunguka na pia itaanguka mbele ya watu.