Fumo Liyongo: tumweke kwenye historia au kwenye fasihi?

Naufungua mjadala huu kwa sababu kila jina la Fumo Liyongo, shujaa na mshairi wa masimulizi ya Waswahili wa pwani ya Kenya, likitajwa zinagongana hoja mbili, na sikubaliani na yoyote kati yake. Wa kwanza wanasema Liyongo aliishi kweli, kaburi lake liko Ozi karibu na Kipini, basi aingizwe kwenye somo la historia pamoja na watawala wengine wa pwani. Wa pili wanasema mtu asiyeuawa kwa chochote ila sindano ya shaba ya kitovuni ni wa kubuni, kwa hiyo tusipoteze muda naye.

Mimi nasema abaki kwenye fasihi, lakini afundishwe kama mtunzi wa nyimbo.

Nianze na wa historia. Kisa chake kilichapishwa mwaka 1870 na Edward Steere, mmishonari Mwingereza, kama kilivyosimuliwa Unguja. Utenzi unaojulikana zaidi uliandikwa na Muhammad Kijumwa wa Lamu mwaka 1913. Hayo ni maandishi ya juzi tu, na hayatupi mwaka aliozaliwa wala aliokufa. Wataalamu wenyewe wanapishana kwa karne kadhaa. Wako wanaomweka kabla ya Wareno na wako wanaomweka baada yao. Wapokomo wa mto Tana nao wana masimulizi yao juu yake. Sasa mwalimu atamwambia mwanafunzi akariri karne ipi? Na hilo kaburi, hata likifukuliwa kesho, litatuonyesha kwamba kuna mtu alizikwa pale, basi. Nani alitunga nyimbo, mifupa haisemi.

Najua kinachowauma ndugu zangu hawa. Pwani yetu imeambiwa kwa muda mrefu kwamba haina historia yake. Uchungu huo ninao pia. Lakini Shanga, mji wa kale kisiwani Pate, wachimbuaji wamekuta mabaki ya misikiti ya tangu karne ya 8. Ushahidi wa aina hiyo ndio wa kusimamia, maana hauyumbi.

Niwageukie wanaosema ni hekaya ya watoto. Someni tena sehemu ya gerezani. Liyongo kafungwa minyororo, anangoja kuuawa. Mjakazi Saada anamletea chakula, lakini walinzi wanakila kizuri na kumwachia makombo. Basi anamtuma kwa mama yake kwa wimbo, mbele ya walinzi hao hao, wasielewe: aoke mkate wa wishwa, na tupa ya kukereza chuma aifiche ndani. Walinzi wanauona mkate wa makapi, wanaudharau, unamfikia mfungwa. Kisha anaomba jambo moja kabla ya kufa, apigiwe gungu, ngoma ya kuimbwa na kuchezwa. Watu wanakusanyika nje, anawapa nyimbo, ngoma inapamba moto, naye ndani anakereza pingu zake bila kusikika. Kwa hiyo wimbo ulibeba ujumbe, na wimbo ukaifunika sauti ya tupa. Mimi sijui kisa kingine chetu kinachoupa utunzi uzito kama huo. Nguvu zake za mwili zote hazikumtoa mle ndani.

Halafu tazameni tunavyomfundisha. Mwanafunzi anaulizwa sifa za shujaa: ana nguvu, ana siri ya kifo chake, anasalitiwa na mtu wa karibu, yaani mwanawe. Anahesabu mizani 8 kila mshororo, anapata alama zake, anaondoka. Nyimbo zinazonasibishwa na Liyongo, zilizochezewa gungu harusini, hajazisikia hata siku moja. Kijumwa mwenyewe alikuwa mwanamuziki na mchongaji mbao, mtu wa ngoma hasa. Nasikitika kuona kazi ya fundi kama yule inafundishwa kimya kimya, bila sauti.

Mtu akinijibu kwamba huenda nyimbo hizo zilitungwa na watu wengi kwa vizazi vingi, nitakubali mara moja. Hata hivyo zipo, na zina ufundi ambao mtunzi wa leo anaweza kujifunza.

Kwa hiyo wa historia nileteeni hati ya wakati wake inayomtaja. Wa hekaya nielezeni tutamfundishaje mtoto utumbuizo, yaani nyimbo za aina hii, tukimtupa Liyongo. Na walimu wa Kiswahili wa Lamu, Tana River na Mombasa, nyinyi ndio nataka kuwasikia zaidi: gungu imewahi kuimbwa darasani kwenu?