Msaada wakuu: dokumentari yangu haina msimulizi, watu wanadhani sauti imekufa

Mvuka_Maji: Habari za jioni wakuu, naomba ushauri sio matusi. Nimepiga dokumentari ya dakika 26 kwenye pantoni ya Magogoni kwenda Kigamboni hapa Dar, hakuna msimulizi wala mtu anayehojiwa. Kuna sehemu geti linafunguliwa watu wanakimbia kuwahi siti, kamera ipo chini usawa wa miguu, unaona kandambili, viatu vya ofisini, ndoo ya samaki inamwaga maji, halafu naikata sauti kabisa mpaka tunafika katikati ya maji. Staili nimeitoa kwa Trinh T. Minh-ha, yule mama mzaliwa wa Vietnam aliyepiga Reassemblage vijijini Senegali, ilitoka 1982, hakai kukuelezea Wasenegali wakoje. Sasa juzi nikaionyesha banda umiza la mtaani kwetu, sauti kukata tu, mwenye banda kanyanyuka anagonga spika, watu wanadai hela zao. Na shangazi aliyetoa pesa ya kukodi kamera anataka sauti ya mtu anaelezea. Niweke au nikomae?

Fundi_Spika: Weka mkuu. Sisi tumekulia kwenye muvi za kutafsiriwa, DJ anaongea juu ya stelingi mpaka anakutajia nani anakufa, ukimya kwetu ni waya umechomoka 😂

Kijana_wa_Feri: Kibali cha Bodi ya Filamu unacho? Hapo Ikulu ipo pua na mdomo, usije ukalala ndani kwa ajili ya sanaa.

Binti_Mzizima: Mkuu hiyo Reassemblage uliiangalia mpaka mwisho kweli? Mbona mama mwenyewe anaongea humo, sauti yake ipo, ila anajihoji yeye na kamera yake badala ya kuwasemea wenyeji. Halafu alisomea utunzi wa muziki huyo, ndo maana sauti zinakatika na kurudi na kujirudia, ukikaa nayo unajua hapa kuna mtu anapiga ngoma yake. Wewe umekata mara moja tu, lazima wagonge spika. Ungekata hata mara nne tofauti wangekuzoea. Ila msimulizi wa sauti ya taarifa ya habari hapana, utaiua.

Mvuka_Maji: @Kijana_wa_Feri kibali ninacho. @Binti_Mzizima dah, umenishika pabaya, niliiangalia kwa simu bando likiwa linaisha. Shangazi naye alivyoona ile ndoo akacheka, akasema huyo namjua kwa miguu tu, kila siku anatulowesha na samahani hasemi, wakati mimi nimepiga miezi mitatu na sijui ni nani.

Binti_Mzizima: Sasa si ndo sauti yako hiyo? Mkalishe shangazi aangalie yote, rekodi anavyoropoka, usimpe karatasi ya kusoma.

Fundi_Spika: Hapo hata mimi nalipa kiingilio.

Mvuka_Maji: Nimempigia sasa hivi, kakubali Jumapili akitoka kanisani. Kaniuliza avae nini, nikamwambia shangazi wewe huonekani, unasikika tu, kasema haijalishi, anakwenda kusuka.