Je, miaka 297 ilipachikwa kwenye kalenda? Tuijadili kwa hoja

Mleta mada

Wakuu, kwema? Kuna dai limeanza tena kuzunguka kwenye magrupu kwamba mwaka tunaouandika si mwaka wenyewe. Chanzo ni Mjerumani Heribert Illig, aliyelitoa mwaka 1991. Anasema kipindi cha 614 hadi 911 hakikuwapo kabisa. Mfalme Otto III na Papa Silvester II walitaka watawale mwaka 1000, wakasogeza kalenda mbele miaka 297, pengo likajazwa hadithi, pamoja na ya Karoli Mkuu, mfalme mashuhuri wa Ulaya. Kwa hesabu hiyo, mwaka 2000 ulikuwa 1703.

Silaha yake kubwa ni kalenda ya Julius Caesar ya mwaka 45 K.K., ambayo hupotea siku 1 kila miaka 128 hivi. Papa Gregori XIII alipoirekebisha mwaka 1582 aliruka siku 10, Oktoba 4 ikafuatwa na 15. Kuanzia kwa Caesar zilipaswa kuwa kama 13, basi Illig anadai hizo 3 zilizopungua ndizo karne zake 3. Inavutia, ila Gregori hakuwa na shida na Caesar. Alitaka majira yarudi yalivyokuwa wakati wa Mtaguso wa Nikea, 325, ili Pasaka ikae sawa. Toa 325 kwenye 1582, gawanya kwa 128. Unapata karibu 10.

Kinachonikera zaidi ni sisi watu wa pwani kusambaza habari hii bila kuangalia ni nini kimo ndani ya miaka inayofutwa. Hijra, 622. Karbala, 680. Maasi ya Wazanji, watumwa wengi wakitoka Afrika, kule Iraki, 869 hadi 883. Pale Shanga, kisiwa cha Pate, wachimbaji wakiongozwa na Mark Horton walishuka chini ya msikiti wa mawe wakakuta vishimo vya nguzo za misikiti midogo ya miti, mmoja juu ya mwingine, ya chini kabisa ikirudi karne ya 8. Ulaya itampoteza Karoli. Sisi inakwenda miji yetu ilipoanzia.

Mchangiaji wa kwanza

Mkuu, mbona haraka? Walioandika kwamba Zimbabwe Kuu ilijengwa na wageni ndio hao hao leo tuwaamini kwenye kalenda? Mimi si mfuasi wa Illig. Nauliza tu daftari alilishika nani.

Mchangiaji wa pili

Walilishika wengi, tena wasiojuana. Waislamu wanahesabu Hijria, hawakuwahi kumsubiri Papa: maandishi ndani ya Kuba ya Mwamba, Yerusalemu, yana mwaka 72 Hijria. Wachina wa enzi ya Tang (618 hadi 907) waliandika kupita kwa nyota yenye mkia ya Halley mwaka 684, 760 na 837. Huyo Otto alimtuma nani Chang'an, mji mkuu wa Tang, kwenda kughushi?

Mchangiaji wa kwanza

Karatasi zote hizo. Nipe kitu ambacho hakikuandikwa na binadamu.

Mleta mada

Haya, mti. Shina huongeza pete moja kila mwaka. Kwa kulinganisha pete nene na nyembamba, mialoni ya Ulaya imeunganishwa kutoka ya leo hadi ya enzi za Warumi. Mbao za kambi ya Kirumi ya Oberaden, Ujerumani, zimeonyesha kwamba zilikatwa mwaka 11 K.K., na mwandishi wa Kirumi Cassius Dio anaweka ujenzi wa ngome ya jemadari Drusus pande hizo mwaka huo huo. Miaka 297 ingekuwa ya kubuni, pete 297 zingepungua.

Tena ukitaka ajabu ya kweli, ipo humo humo kwenye karne anazozikana Illig. Mwaka 2012 Fusa Miyake na wenzake wa Japani walipima mierezi ya kisiwa cha Yakushima wakakuta kaboni 14 (kaboni yenye mionzi ambayo miti huivuta kutoka hewani) imepanda ghafla kwa asilimia 1.2 hivi kati ya pete ya 774 na ya 775. Baadaye ikaonekana Ujerumani, Marekani, hadi New Zealand. Wengi wanadhani chanzo ni mlipuko wa jua, lakini dhoruba kubwa ya jua ya mwaka 1859 haikuacha alama ya namna hiyo mitini. Na wapo watafiti waliopata dalili kwamba baadhi ya matukio ya aina hii yalidumu zaidi ya mwaka, ambayo hailingani na mlipuko mmoja. Hapo ndipo ningependa tubishane.

Mchangiaji wa kwanza

Kwenye Oberaden umenibana, sikatai. Ila miti yote uliyotaja ni ya kwao. Mibuyu yetu je?

Mchangiaji wa pili

Mbuyu una matatizo, mkuu. Pete zake hazisomeki vizuri, na mingi ya zamani ina uwazi katikati. Labda tuanze na mti mwingine. Nani humu yuko misitu?