Naomba ushauri: nataka kupeleka viungo Uingereza kutoka Pemba, usajili wa forodha naanzia wapi?

BintiWete:
Assalaam alaykum ndugu zangu. Mie niko Wete, nnafungasha mdalasini, pilipili manga na hiliki, vyengine vizima na vyengine vya unga. Mpaka sasa nnauza Unguja na Dar. Sasa kajitokeza mwenye duka Leicester, anataka tuanze na katoni chache kwa ndege. Kaniandikia kuwa forodha ya kwao inataka namba ya EORI. Naiomba mimi au yeye? Na huku kwetu najisajili TRA, mamlaka ya mapato ya Tanzania, au ZRA, ile ya Zanzibar? Kuna jamaa ananiambia nisijihangaishe, nipitishe mzigo kwa TIN yake, yaani namba yake ya mlipakodi, kwa vile keshazoea. Tena nataka kuagiza mifuko ya kufungashia kutoka Uchina, sijui kama huo ni usajili mwengine. Anaejua anisaidie tafadhali.

EjentiMalindi:
Waalaykum salaam dada. EORI, namba ya kumtambulisha mfanyabiashara kwa forodha, hapa ni ya mnunuzi, maana yeye ndiye anaeingiza mzigo kwao. Ya Uingereza huanza na herufi GB, huiomba bure kwa mamlaka yao ya kodi, HMRC. Tamko la kule huingizwa kwenye mfumo wao, Customs Declaration Service, na wengi humwachia wakala. Wewe mwombe hiyo namba uiandike kwenye ankara. Ila usikubali kumuahidi kuwa utamlipia ushuru wa kwao na kumfikishia mzigo mpaka dukani, hapo hesabu zote zinageuka.

Huku kwetu forodha ni jambo la Muungano, kwa hivyo ni TRA, hata ukiwa Pemba. ZRA utakutana nao kwenye kodi za ndani za biashara yako. Unachohitaji ni TIN, inatolewa bure, na hiyo hiyo moja inaagiza na inasafirisha. Halafu unampa kazi wakala wa forodha mwenye leseni, yeye ndiye anaeingiza tamko kwenye mfumo. Ikitoka TANSAD, yaani hati ya hilo tamko, isome: jina liwe lako, TIN iwe yako.

MpembaWaDar:
Hilo la TIN ya mtu liache kabisa, dada yangu. Jirani yangu alipeleka mwani nje kwa jina la mwengine. Alipokwenda kuomba mkopo, benki ikataka ushahidi wa mauzo ya nje. Hakuwa na karatasi hata moja yenye jina lake. Mbele ya serikali, mfanyabiashara alikuwa yule mwenye TIN. Na mzigo ukiwa na kasoro, mwenye TIN ndiye anaetafutwa, kwa hivyo hata huyo jamaa anajitia hatarini.

MzeeMkoani:
Mwanangu, nenda kwa wakaguzi wa mimea wa Wizara ya Kilimo kabla hujafunga katoni. Wao ndio wanaotoa cheti cha afya ya mimea. Ukishapiga gundi na utepe, wakitaka kuona utafungua yote upya. Na karafuu usitie hata pakiti moja. Karafuu kuipeleka nje ni kazi ya ZSTC, shirika la biashara la serikali ya Zanzibar, ukikutwa nayo ni magendo.

NipoLeicester:
Nyongeza: tangu 2023 Uingereza ina mpango wa nafuu ya ushuru kwa nchi zinazoendelea, unaitwa DCTS. Bidhaa za Tanzania zinaingia bila ushuru, isipokuwa silaha, mradi asili yake ithibitike. Tamko la asili linaweza kuandikwa kwenye ankara yenyewe. Mwambie mnunuzi amkumbushe wakala wake aidai nafuu hiyo, hawampi asipoiomba.

EjentiMalindi:
Shukran kaka. Dada, ankara isiandikwe "viungo" tu. Kwa namba za forodha za bidhaa, pilipili manga iko 0904, mdalasini 0906, hiliki 0908, na iliyosagwa ina namba yake mbali na nzima. Kila kimoja kipate mstari wake, uzito wake na bei yake. Wakala akilazimika kukisia, anaechelewa ni wewe.

Hiyo mifuko, ushuru unapigwa kwa bei ya kununulia pamoja na bima na nauli, kwa hivyo usipige hesabu kwa bei ya kiwandani peke yake. Na kama ni ya plastiki, waulize ZEMA, mamlaka ya mazingira ya Zanzibar, kabla hujatuma pesa. Mifuko ya plastiki ilishapigwa marufuku Zanzibar, usije ukaagiza kitu kikazuiliwa bandarini.

BintiWete:
Allah awalipe kheri nyote. Yule jamaa nimeshamjibu, nashughulikia TIN yangu mwenyewe. Suali moja: mnunuzi kaipenda sana bizari yangu ya pilau, na ndani yake mna karafuu kidogo ya kusaga. Hiyo inakuwaje?

EjentiMalindi:
Kwa namba ya bidhaa, mchanganyiko wa viungo unaingia 0910. Hiyo si tabu. Tabu ni karafuu iliyomo.

MzeeMkoani:
Waandikie ZSTC, wakujibu kwa maandishi, barua hiyo iende na mzigo. Kwa safari ya mwanzo peleka mdalasini, pilipili manga na hiliki. Bizari ya pilau isubiri jibu.