Nani aliua mkono wa Collins Obuya? Nimechoka kusikia "alibahatisha"

Wadau, leo nina hasira na sitaficha. Kwa mara nyingine nimemsikia mtu anayejiita shabiki wa kriketi akidai Collins Obuya, mrushaji wetu wa Kenya, alibahatisha siku moja maishani mwake, kisha akaisha. Hakuisha. Alimalizwa.

Nilikuwa uwanja wa Gymkhana, Nairobi, tarehe 24 Februari 2003, wakati wa Kombe la Dunia. New Zealand walikuwa wamekataa kuja kwetu wakitaja usalama, Sri Lanka wakaja. Tulifika mikimbio 210 kwa shida, mrushaji wao Muralitharan akiwa ametutoa wapigaji wanne. Pale nilipoketi watu walishaanza kunung'unika. Kisha nahodha Steve Tikolo akampa mpira Collins, kijana wa miaka 21. Ova 10 za mipira sita sita, mikimbio 24 tu waliyochuma kwake, wiketi 5, yaani wapigaji watano nje! Aravinda de Silva, yule aliyepiga mia moja kwenye fainali ya Kombe la Dunia 1996, alitolewa na mtoto wetu. Jayawardene pia. Sangakkara naye. Kaka yake Collins, Kennedy Otieno, alikuwa nyuma ya vijiti vya wiketi akidaka. Sri Lanka wote wakatoka kwa 157, na mimi nilirudi nyumbani bila sauti.

Anayeita hiyo bahati hajawahi kujaribu kurusha mpira wa namna ile. Mrushaji kama Collins hategemei kasi, anategemea kifundo cha mkono. Mpira unamtoka vidoleni huku kifundo kikizunguka, unadunda, halafu unageuka kumkimbia mpigaji wa mkono wa kulia. Ukiuachia mapema kidogo au ukichelewa kidogo, unamfikia mpigaji kwa upole na anaupeleka nje ya uwanja. Ndiyo maana warushaji hawa huchelewa kukomaa, na ndiyo maana wanahitaji mechi. Mazoezi peke yake hayatoshi, lazima upigwe na wapigaji wakubwa, urudi, urekebishe, upigwe tena.

Mtazameni Shane Warne, mrushaji wa Australia wa aina hiyohiyo. Mechi yake ya kwanza ya Test, zile za siku tano za nchi kubwa, Sydney, Januari 1992, India walichuma kwake mikimbio 150 naye akaambulia wiketi moja. Australia hawakumtupa. Walimpa mpira tena na tena, mpaka akawa amerusha mipira zaidi ya 40,000 katika mechi za Test pekee na kuondoka na wiketi 708.

Sasa niambieni Collins alipewa nini. Machi 2003 Kenya ilicheza nusu fainali ya Kombe la Dunia dhidi ya India, Durban. Mwaka uliofuata, 2004, timu hiyohiyo ilipata mechi MBILI tu za kimataifa za siku moja, India na Pakistan, zote kule Uingereza. Mbili! Mwaka mzima! Bangladesh tuliwafunga katika Kombe lilelile, nao walikuwa tayari na hadhi ya Test tangu 2000. Sisi ICC, baraza la kriketi la dunia, ilitupigia makofi, ikatuacha mlangoni. Sina kinyongo na Bangladesh. Walipewa muda wa kushindwa mpaka wakajua kushinda, na muda huo ndio tulionyimwa sisi.

Na hapa nyumbani je? Viongozi wetu walipaswa kupigania ratiba, wao wakagombana na wachezaji mpaka wachezaji wakagoma kwa sababu ya malipo. Chama chenyewe cha kriketi kikavunjwa 2005. Katika miaka ile ambayo mkono wa Collins ulihitaji kazi kila wiki, sisi tulikuwa na mikutano na barua.

Collins alikwenda Warwickshire, timu ya Uingereza, mwaka uleule wa 2003, majeraha yakamsumbua, mambo hayakumnyookea. Sawa, hutokea kwa mrushaji yeyote. Lakini mwenzake wa nchi nyingine akirudi nyumbani anakuta ligi ya kumjenga upya na kocha wa kukaa naye. Collins alirudi kwenye vurugu. Udhibiti ukampotea, akageukia kupiga. Ninyi mnaosema hakuwa na kipaji, mlikuwa wapi Machi 2011 alipobaki na mikimbio 98 bila kutolewa dhidi ya Australia kule Bengaluru? Mtu aliyenyang'anywa kazi yake akajifundisha nyingine, na hiyo nyingine akaifanya mbele ya Brett Lee, mrushaji wao wa kasi!

Alicheza mechi za siku moja 104. Wiketi 35. Namba hiyo naiona na roho inaniuma, kwa sababu 5 kati yake nilizishuhudia kwa macho yangu alasiri moja. Kenya ikapoteza hadhi ya mechi za siku moja 2014, na Collins akastaafu 2024 bila kulirudia jukwaa lile.

Ninachotaka ni kitu kimoja. Mtu yeyote aliye karibu na wanaoendesha kriketi yetu sasa aweke hapa, kwa tarehe na viwanja, ratiba ya mechi za vijana wa chini ya miaka 19. Nataka kujua kijana mwenye kifundo kama kile atarusha ova ngapi mwaka huu.