Kalenda ya dunia ya moto: watu wahesabu nini mahali ambapo mwezi hauonekani?

Mwandishi wa Kirumba
Habarini wakuu. Naandika riwaya ya kubuni, dunia yenyewe nimeiita Uwakani. Kuna ziwa kubwa, na kando yake milima miwili inayotema moto, Mkubwa na Mdogo. Mkubwa analipuka kila baada ya siku 73, Mdogo kila baada ya siku 40. Moshi umefunika anga mwaka mzima. Mchana na usiku unavitofautisha, ila mwezi huuoni kabisa. Wakazi ni wavuvi, wahunzi na wachoma makaa.

Nilipanga miezi 12 ya siku 30: Cheche, Kuni, Mwali, Kaa, Jivu na kuendelea. Rafiki yangu anauza dagaa hapa Mwaloni, soko la samaki la Kirumba, Mwanza, lakini kwa kusoma hadithi humuwezi. Akaniambia, "Hii ni Januari umeipaka masizi." Mhusika akisema "tuonane tarehe 4 Jivu", ukiweka Machi hakuna kinachoharibika.

Nataka kalenda ambayo siku ikitajwa tu, msomaji ajue kama ndani kuna chakula, kama kuna harusi, kama kuna mtu anatafutwa kwa deni. Majina ninayo ya kumwaga, msinipe majina.

Mzee wa Mwalo
Mkuu, upo Kirumba halafu kalenda ya moto unaitafuta mtandaoni? Shuka hapo Mwaloni umuulize mvuvi wa dagaa leo ni siku gani. Tarehe hatakutajia. Atakwambia tupo kwenye giza, au mwezi umeshakuwa mkubwa.

Dagaa anavuliwa kwa taa. Zamani zilikuwa karabai za mafuta ya taa, siku hizi nyingi ni za betri na sola. Zinaachwa zielee juu ya maji, dagaa wanajikusanya kwenye mwanga, ndipo wavu unaingia kazini. Mwezi ukipevuka, ziwa lote lina mwanga, dagaa wanatawanyika, taa yako inabaki pambo. Basi watu wanalala nchi kavu. Wanashona nyavu, wanaziba mitumbwi, wenye kwao Ukerewe wanakwenda kuona watoto, na wauza bia wanatabasamu.

Kuna utamu mwingine ambao watu wa mjini hawaujui. Mwezi huchelewa kuchomoza kwa takriban dakika 50 kila siku. Kabla haujapevuka unawaka jioni, giza unalipata kuelekea alfajiri. Ukishapevuka mambo yanageuka: giza ni la jioni, unawahi kuvua kabla haujatoka. Mvuvi anajua muda wa kuwasha taa hata simu ikiwa imezima.

Wewe mwezi huna, ila una Mkubwa. Akitema moto ziwa linang'aa, taa hazivuti kitu. Akilala, watu wanaingia majini. Una Giza na una Mwako, kalenda imeshaanza. Harusi zote ni za Mwako kwa sababu ndipo wanaume wapo nyumbani. Na watoto wa kijiji kizima watazaliwa kwa mpigo, hesabu mwenyewe.

Mpenda Miamba
Nakubaliana na mzee, ila angalia aina ya lava, ule mwamba ulioyeyuka unaotoka mlimani. Ukiiga Ol Doinyo Lengai, volkano yetu ya kaskazini mwa Tanzania, ziwa halitang'aa. Lava yake ina joto la kama nyuzi 500 hadi 600 tu, chini sana kuliko lava ya kawaida, na mchana inaonekana nyeusi. Mpe Mkubwa lava ya kawaida. Ya Lengai mpe Mdogo, kwa sababu ina tabia moja nzuri: ikishaganda, unyevu unaigeuza kuwa nyeupe ndani ya muda mfupi. Mtu aliyepotea porini akiona ubavu wa Mdogo umepauka, anajua mlipuko ni wa zamani kidogo.

Mpemba wa Nyamagana
Msisahau kwetu pwani. Mwaka wa Nairuzi, ule wa jadi wa Waswahili, una siku 365, unahesabiwa kwa miongo: makumi 36, kisha siku tano za ziada. Na Mwaka Kogwa, sherehe ya mwaka mpya kule Makunduchi, Unguja, kibanda cha makuti kinachomwa moto na watu wanatazama moshi unaelekea wapi. Moto uko ndani ya kalenda muda mrefu tu.

Hesabu Tamu
Mleta mada, namba zako zina siri. 73 mara 5 ni 365, mwaka kamili kama huo wa Nairuzi. Mkubwa na Mdogo watalipuka pamoja kila baada ya siku 2,920, yaani miaka 8 kamili, siku ileile ya mwaka. Itazoeleka, itakuwa sikukuu ya watoto kula pilau.

Badilisha 40 iwe 41. Sasa wanakutana baada ya siku 2,993, miaka 8 na siku 73. Kila mkutano unasogea mlipuko mmoja mbele ndani ya mwaka, na kurudi pale ulipoanzia kunachukua miaka 41. Mtu anaweza kuuona mkutano wa msimu wa njaa mara moja tu maishani mwake.

Waazteki wa Meksiko walikuwa na kitu cha aina hiyo. Hesabu ya siku 260 na ya siku 365 zilikutana kila baada ya miaka 52. Usiku huo mioto yote ilizimwa, makuhani wakapekecha moto mpya mlimani, na kutoka hapo ukasambazwa majumbani. Mara ya mwisho kabla ya Wahispania ilikuwa 1507. Usiku wa namna hiyo kwa watu wanaoishi kwa moto, nani atakubali kuzima tanuru lake?

Mwandishi wa Kirumba
41 imepita, na swali la mwisho nalichukua: mhunzi wangu hatazima. Lava nyeupe pia naichukua. Miongo nitawapa wafanyabiashara wa ng'ambo, ili wagombane na wavuvi kuhusu siku ya malipo.

Mzee wa Mwalo
Kama ni malipo, mweke tajiri mwenye mtumbwi. Mwako ndio siku za hesabu. Anatoa kwanza mafuta, anatoa taa, anatoa wavu uliochanika, kinachobaki ndicho mnagawana. Asiyeridhika anahama mtumbwi kabla Giza halijaanza.