Tripu ya kundi dogo Tanga: Amboni, Pangani, Amani mpaka Lushoto. Waliowahi kwenda naombeni uzoefu

Kidagaa_Temeke

Wakuu habari za wikiendi. Nimezunguka mtandaoni mpaka kichwa kinauma, bora niwaulize nyie. Mwezi wa 8 tunataka kutoka Dar mimi, waifu na mama mkwe (ana miaka 64, yuko fiti kabisa ila goti moja linamsumbua akiwa anashuka mteremko) twende Tanga tuone bahari na milima kwa safari moja. Kuna jamaa wanaandaa safari za kundi dogo, watu wanane, gari moja, mwongoza wageni mmoja kuanzia mwanzo mpaka mwisho, siku tano. Ratiba waliyonitumia iko hivi: siku ya kwanza Dar mpaka Tanga na Mapango ya Amboni, ya pili magofu ya Tongoni, Pangani na kisiwa cha Maziwe, ya tatu msitu wa Amani, ya nne Lushoto na Irente (ukingo wa mlima wa kutazamia nyika) na msitu wa Magamba, ya tano Mtae halafu kurudi Dar. Bei laki saba na nusu kwa kichwa, wanasema "kila kitu ndani".

Hivi kwa uzoefu wenu hii inalipa au niende kivyangu tu na basi? Na hao watu watano nisiowajua tutaelewana kweli siku zote hizo kwenye gari moja? Halafu bi mkubwa ataweza? Mama mwenyewe ndo ana hamu kuliko sisi wote, ameshaanza kuulizia sweta.

Msambaa_wa_Soni

Onga mshi wote humu. Mkuu Kidagaa mimi nimezaliwa Soni na kazi ya kutembeza wageni nimeifanya kabla sijahamia mambo mengine kwa hiyo nitasema ninachokijua.

Kwanza hiyo siku ya tano ni ya mtu anayechora safari kwa kuangalia ramani. Lushoto mpaka Mtae ni kama kilomita 60, barabara ya milimani, kona juu ya kona, ikinyesha kidogo tu udongo unateleza. Mkifika Mtae mchana, mmepiga picha tatu, mnageuza gari mshuke mpaka Mombo, halafu Korogwe, Segera, Chalinze, Dar mnaingia usiku wa manane mmechoka na bi mkubwa goti limevimba kwa kukaa. Mtae ni ya kulala. Kijiji kimekaa juu ya mgongo wa mlima, unaona nyika ya Mkomazi huko chini na milima ya Upare, na anga likiwa safi asubuhi na mapema Kilimanjaro inaonekana. Lakini mwezi wa 8 ukungu ni mwingi, unaweza kwenda ukaona weupe mtupu. Waambie waitoe Mtae, siku hiyo waiongeze Lushoto.

Pili, Maziwe. Hapo ndo utajua kama hao jamaa wanaijua kazi au wanabahatisha. Maziwe ni fungu la mchanga, maji yakijaa linafunikwa lote, huoni kisiwa unaona bahari. Sasa waulize swali moja tu: siku hiyo maji yanatoka saa ngapi? Wakikujibu "tutaenda asubuhi baada ya chai" bila kutaja saa, shtuka. Pwani ile wakati wa bamvu, yaani mwezi mchanga au mwezi mpevu, maji yanakuwa yametoka kabisa kwenye saa nne nne asubuhi, hapo ndo pazuri, mnaondoka mapema mnakaa kisiwani mnaogelea na miwani mnaona matumbawe mnarudi kabla upepo haujachachamaa. Wakati wa maji mafu, yaani mwezi ukiwa nusu, mambo yanageuka, maji yanatoka jioni, na jioni mwezi wa 8 upepo wa kusi unavuma mashua inarushwa mpaka mtu anatapika. Kwa hiyo safari nzima ipangwe kuanzia kwenye mwezi, siyo kwenye siku za wiki. Ukishapata siku ya Maziwe ndo unapanga Amani na Lushoto kuizunguka, milima haiondoki.

Na siku ya pili kuweka Tongoni, Pangani na Maziwe kwa pamoja ni kukimbizana. Tanga mpaka Pangani ni kilomita 50 hivi, Tongoni iko njiani. Laleni Pangani au Ushongo, kesho yake bahari. Ushongo iko ng'ambo ya mto kwa hiyo ulizeni kuhusu kuvuka, kama daraja jipya halijaanza kutumika ni kivuko cha Bweni na kivuko kina foleni yake.

MamaNasra

Mimi nimeenda na kundi dogo la namna hiyo, kampuni nyingine siitaji. Naongea kama mteja.

Watu usiowajua wala wasikutishe mdogo wangu. Sisi tulikuwa na wazee wawili wa Kihindi kutoka Dar, kijana mmoja mpiga picha asiyeongea na mabinti wawili waliokuwa wanaimba kuanzia Chalinze. Siku ya kwanza kila mtu na simu yake, ya pili mabinti wameshamlisha mzee wa Kihindi korosho. Kinacholeta ugomvi siyo tabia ni gari. Uliza ni gari gani. Watu wanane na dereva na mwongozaji na mabegi kwenye Noah hiyo siyo kundi dogo huo ni msongamano, na mwenye goti ndo anawekwa siti ya nyuma kabisa. Sema mapema kabisa mama akae mbele na iandikwe.

Sasa hiyo "kila kitu ndani" usiikubali hivi hivi. Sisi tuliambiwa hivyo hivyo, tulipofika getini msituni tukasimama kwenye jua kama watoto waliofukuzwa ada, kumbe kiingilio hakimo. Misitu ya hifadhi kama Amani na Magamba iko chini ya TFS (wakala wa misitu wa serikali), unalipia kwa kontrol namba, na raia analipa kidogo sana ukilinganisha na mgeni wa nje kwa hiyo mtembee na vitambulisho vya NIDA. Uliza viingilio vyote vimo? Mashua ya Maziwe imo? Mwongozaji wa kijiji Lushoto imo? Chakula cha mchana? Maji ya kunywa? Waombe wakuandikie kwenye karatasi kimoja kimoja, anayekasirika kwa kuulizwa achana naye.

Amboni: mama mwachie uamuzi wake lakini mwambie ukweli. Ni mapango ya chokaa kilomita chache tu kutoka mjini, ukiingia pale mwanzo ni ukumbi mkubwa mzuri popo juu, halafu mwenye tochi anawaambia "sasa tunapita hapa" na hapo penyewe ni tundu, mtu mzima anaingia kwa kutambaa kwa magoti. Mama mwenye goti aone vyumba vya mwanzo kisha arudi akae nje chini ya miti asikilize hadithi za Osale Otango na mwenzie Paulo Hamisi waliojificha mle miaka ya 50 wakisakwa na wakoloni. Hadithi zinasimuliwa vizuri kuliko pango lenyewe mimi nakuambia.

Sweta alete. Na soksi. Lushoto mwezi wa 8 usiku unalala na mablanketi mawili na bado unajikunja.

Jembe_halimtupi

Mimi nasema hela ya kupoteza hiyo. Basi la Dar Lushoto lipo la moja kwa moja, Tanga mabasi kila saa. Irente unachukua bodaboda kutoka Lushoto mjini ni kilomita kama tano sita, Magamba vilevile boda. Mwongozaji unampata hapo hapo stendi. Laki saba na nusu mara tatu ni milioni mbili na robo wakuu, hiyo mtu ananunua ng'ombe na chenji inabaki.

Msambaa_wa_Soni

Jembe hapo kwa kijana mwenye begi moja nakubaliana na wewe asilimia mia, tena aende kwa miguu kutoka Lushoto mjini mpaka Irente njia ni nzuri inapita kwenye mashamba ya watu. Lakini huyu ana mama wa miaka 64 mwenye goti, unampandisha boda Magamba kwenye ule mteremko? Na Muheza kwenda Amani bila usafiri wako utasubiri gari mpaka ulijue jina la kila mbuzi wa Muheza. Amani ndo sehemu ambayo kundi na gari vinalipa, Lushoto siyo sana.

Na tukiwa hapo kwa Amani, msipite kama mnapita kituo cha mafuta. Usambara ya Mashariki iko karibu sana na bahari, ule upepo wa bahari unagonga mlima na mvua inashuka pale pale ndo maana msitu ni mbichi mwaka mzima. Wajerumani walianzisha bustani ya mimea pale mwaka 1902 wakaleta miti ya kila pembe ya dunia, mikwinini ya dawa ya malaria, mikafuri, midalasini, na mingine imeshakuwa mikubwa mpaka hamuwezi kuikumbatia mkiwa watatu. Bi mkubwa atapenda kwa sababu nyingi ni barabara ya kutembea taratibu haina kupanda sana. Mwambieni mwongozaji awaonyeshe ua la Usambara, lile dogo la zambarau ambalo Wazungu wanalifuga kwenye vyungu madirishani, asili yake ni huku kwetu linaota kwenye mawe yenye kivuli karibu na maji. Mwongozaji mgeni atakupita nalo. Wa pale pale anasimama, anainama, anainua jani moja anakuonyesha, halafu hatua mbili mbele anakuonyesha kinyonga mdogo kama kidole ambaye wewe ulikuwa unamwona jani kavu.

Ndo maana hilo la "mwongozaji mmoja mwanzo mpaka mwisho" mimi silipendi. Wa Tanga mjini anajua magofu, hajui ndege wa Amani. Mwenye kampuni aje, sawa, lakini kila kituo achukue mtu wa hapo hapo na amlipe.

Bahari_Likoni

Salamu kutoka Mombasa. Sisi huku tumekuja huko kwenu kupitia mpakani Lunga Lunga na Horohoro, tukaanza na Tanga tukamalizia milimani, na mimi ningekushauri usikubali wakugeuzie mpangilio. Bahari kwanza mlima baadaye. Ukianza na Lushoto ukashuka pwani lile joto linakuchapa na hamna mtu ana raha ya kutembea tena magofu.

Tongoni watu wengi huipita mbio na sijui kwa nini. Kuna msikiti wa zamani na makaburi kama 40 hivi, mengine yalikuwa na nguzo ndefu, nyingi zimeanguka lakini moja moja bado. Na hapo karibu ndipo Vasco da Gama alichoma meli yake mwenyewe, São Rafael, mwaka 1499 akirudi kutoka India kwa sababu mabaharia walikuwa wamekufa wengi hana wa kuiendesha. Sisi tulioelezwa hayo na mzee mmoja wa hapo hapo tumesimama chini ya mbuyu, wale vijana wetu walikuwa wamechoka na jua wakaacha simu wakasikiliza. Pangani pia zunguka mji kwa miguu jioni, nyumba za kale za milango ya kuchonga, Boma, na hadithi ya Abushiri aliyewapiga Wajerumani wakaja kumnyonga hapo Desemba 1889. Mji umelala kidogo, ukitafuta vurugu utaboeka.

Chakula: ulizeni bada (ugali wa muhogo) na samaki wa nazi. Kwa mama itakuwa nyepesi kuliko chipsi mayai za njiani.

Kidagaa_Temeke

Daah asanteni sana, nimewasoma wote. Nimewapigia jamaa sasa hivi nikawauliza la maji. Wa kwanza kapokea akasema "maji yapo ya kutosha bosi, tunabeba katoni". Nikamwambia maji ya bahari. Kanyamaza akampa simu mwenzie, huyo ndo akanitajia saa na akasema tarehe waliyoniandikia ni ya maji mafu, yeye mwenyewe alishawaambia ofisini waisogeze. Nimemwomba namba yake.

Mtae wamekubali kuitoa. Viingilio wamesema vimo isipokuwa mashua, mashua ni elfu 35 juu kwa kila mtu. Gari ni Hiace siyo Noah. Bado bei haijashuka.

MamaNasra

Huyo wa pili mshike, huyo ndo wa kwenda naye. Mashua elfu 35 kwa watu wanane piga hesabu mwenyewe, ongea na mwenye mashua Pangani au Ushongo uone anachukua ngapi kwa mashua nzima halafu urudi kwao na hiyo namba. Na uliza maboya ya kuvaa yako mangapi, kila mtu na lake, siyo manne ya kupokezana.

Jembe_halimtupi

Milioni mbili na robo na mashua juu. Haya bwana, mkifika Irente pale shambani kwa Walutheri chukueni jibini na mkate wao mniletee, nitalipa.

Msambaa_wa_Soni

Kidagaa kitu kimoja kabla hujatuma hela, Irente muende jioni siyo saa sita mchana. Mchana nyika yote chini huko Mazinde inakuwa na ukungu wa joto huoni kitu. Kuanzia saa kumi jua linalala upande, mashamba ya katani yanaonekana mistari mistari na barabara ya Arusha mabasi yanapita madogo kama sisimizi. Mama asiende pale kwenye jiwe la mwisho, ni genge halina kizuizi cha maana, akae kwenye benchi nyuma anaona vilevile. Na Soni maporomoko yako pembeni ya barabara tu mnaposhuka, simamisheni gari dakika kumi, kuna wamama wanauza plamu na peasi, ila plamu mwezi wa 8 sidhani kama mtazikuta.

Kidagaa_Temeke

Poa mkuu. Tarehe mpya tumeshapata, ni siku mbili baada ya mwezi mpevu. Natuma nusu leo nusu tukipanda gari. Nikirudi ntaleta mrejesho na jibini la Jembe.